Deni la Mtu Mrefu

Pale Mtaa wa Lumumba, mkabala na viwanja vya Mnazi Mmoja, ipo baraza ya kahawa ninayokaa karibu kila jioni tangu nilipostaafu kazi ya ukarani. Si baraza ya kujivunia. Ni benchi mbili za mbao, jiko la mkaa, birika la shaba na sinia ya kashata. Wakaaji wake ni wazee wa rika langu, pamoja na vijana wachache wanaopita kupumzisha miguu baada ya kutembeza bidhaa Kariakoo kutwa nzima. Tunazungumza Simba na Yanga. Tunazungumza siasa kwa sauti ya chini na bei ya sukari kwa sauti ya juu. Na siku nyingine, kwa kukosa la kusema, tunahukumu watu.

Jioni ninayotaka kuieleza tulimhukumu Hasheem Thabeet.

Yalianza kwa kijana mmoja anayeuza viatu vya mtumba Mtaa wa Kongo. Alikuja na mpira wa kikapu kwapani, jasho likimtiririka, akitokea kwenye viwanja vya vijana vya Jakaya Kikwete pale Kidongo Chekundu, vilivyofunguliwa mwaka 2015. Ni kijana mrefu, wa kuinamia mlango. Mzee mmoja akamtania: mpira huo una faida gani, na yule mrefu wetu aliyekwenda Marekani aliishia wapi? Watu wakacheka. Nami, ambaye sijapata kuushika mpira wa kikapu maishani mwangu, nikatia neno langu. Nikasema, "Yule alituangusha."

Kijana alipokea kikombe chake, akanywa funda moja, kisha akaniuliza kwa adabu kabisa, "Alituangusha, mzee wangu? Kwani sisi tulikuwa tumempandisha wapi?"

Nilicheka kama wengine walivyocheka. Lakini swali lile nilikwenda nalo nyumbani, na usiku ule lilininyima usingizi kwa sababu nitakayoieleza baadaye, maana ni sababu yangu mwenyewe, si ya Thabeet.

Kwanza nieleze mambo yenyewe, kwa faida ya msomaji asiyeufuatilia mchezo huu. Hasheem Thabeet Manka alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1987. Alisoma Shule ya Sekondari Makongo, na mpira wa kikapu alianza kuushika akiwa na umri wa miaka 15 hivi, umri ambao mtoto wa Marekani anayetazamiwa kuwa mchezaji wa kulipwa amekwisha kuucheza kwa miaka mingi. Akaenda Marekani, akamalizia sekondari Houston, na mwaka 2006 akaingia Chuo Kikuu cha Connecticut. Urefu wake ulifika futi 7 na inchi 3, yaani sentimita 221. Huko chuoni kazi yake ilikuwa kusimama chini ya kikapu na kuwazuia watu wasifunge, na aliifanya vizuri mno. Mwaka 2008, na tena mwaka 2009, chama cha makocha kilimtaja kuwa mlinzi bora wa vyuo vyote vya Marekani. Mwaka huo wa 2009 timu yake ilifika nusu fainali ya taifa kule Detroit, ikafungwa na Michigan State.

Kisha ikaja alfajiri ya Ijumaa, tarehe 26 Juni 2009, kwa saa zetu. Kule New York ilikuwa bado usiku wa Alhamisi. Katika uteuzi wa wachezaji wapya wa ligi ya NBA, ambamo huchaguliwa vijana wasiozidi 60 kila mwaka kutoka duniani kote, timu ya Memphis Grizzlies ilimchagua Thabeet akiwa wa pili. Mtanzania wa kwanza kabisa. Mimi wakati huo nilikuwa karani katika ghala moja la vitambaa hapa Kariakoo, na nakumbuka redio ya mlinzi ikitangaza habari ile, wapagazi wakatua mizigo wakapiga makofi. Hakuna hata mmoja wetu aliyejua maana ya jambo lile, ila tulijua namba. Wa pili. Duniani!

Baadaye ndipo tuliposikia habari za waliomfuata. Wa tatu alikuwa James Harden. Wa saba alikuwa Stephen Curry. Hapo ndipo namba ile ilipogeuka ikawa mjeledi, kwa sababu mtu aliyechaguliwa wa pili hapimwi kwa alivyocheza, hupimwa kwa wale waliopitwa ili achukuliwe yeye. Hata Wamarekani wenyewe wana mtu wao kama huyo: mwaka 1984 Portland walimchagua Sam Bowie wa pili, na wa tatu akawa Michael Jordan. Bowie alicheza miaka mingi, akapata riziki yake, lakini jina lake mpaka leo hutajwa kama jina la kosa. Sasa hebu tujiulize: kosa la nani? Je, Bowie alijichagua?

Thabeet katika msimu wake wa kwanza alicheza michezo 68, kwa wastani wa pointi 3 kwa mchezo. Mwezi Februari 2010 Memphis walimpeleka kwa muda kwenye ligi ndogo, timu ya Dakota Wizards. Kabla yake hakuna mchezaji aliyechaguliwa juu kiasi hicho aliyepata kupelekwa huko. Mwaka mmoja baadaye wakambadilisha, akaenda Houston. Machi 2012 akahamishiwa Portland. Mwaka huo huo akapata mkataba Oklahoma City, akakaa misimu miwili. Mwaka 2014 Oklahoma wakamhamishia Philadelphia, ambao walimwachia bila kumchezesha hata mchezo mmoja. Jumla, katika NBA alicheza michezo 224 kwa misimu 5, wastani wa pointi 2 na kitu. Hizo ndizo hesabu, na kama karani naziheshimu hesabu.

Lakini hesabu nayo ina mkao wake. Ligi ile ina timu 30, na kila timu nafasi 15. Ukizidisha, ni watu 450. Katika watu wote wa dunia hii wanaorusha mpira kwenye pete, aliyekaa ndani ya 450 kwa miaka mitano tunamwita aliyeshindwa. Ukarani wangu haukupata kuwa wa 450 katika Wilaya ya Ilala.

Msimu ninaoupenda mimi, baada ya kusoma habari zake, ni ule wa 2012 hadi 2013 pale Oklahoma City. Timu ile ilikuwa na Kevin Durant na Russell Westbrook, ikashinda michezo 60 kati ya 82, ikawa ya kwanza katika kanda yake ya magharibi. Thabeet alicheza michezo 66. Hakuwa mtu wa kuanza. Alikuwa akiingia kwa dakika kumi na kitu, ili mkubwa aliyeanza apumue, arudishe nguvu, asije akamaliza makosa yake 6 yanayoruhusiwa kabla ya mchezo kwisha. Sisi wa Dar es Salaam tunalo neno la kazi hiyo, tunamwita deiwaka. Deiwaka ni yule anayemshikia dereva usukani wa daladala ili mwenye gari apate kula na kunyoosha mgongo. Jina lake halimo kwenye hesabu za tajiri, na abiria hawamjui. Lakini asipokuwapo, dereva ataendesha kwa njaa na usingizi, na yatakayotokea mnayajua. Sijasikia mtu akisema deiwaka ni dereva aliyeshindwa. Husemwa tu kwamba ni deiwaka, na akifanya kazi yake vizuri huitwa tena kesho.

Tofauti ni kwamba deiwaka hakutangazwa redioni kuwa atakuwa dereva wa pili duniani.

Hilo ndilo ninalotaka kulitafakari. Ipo aina ya ahadi ambayo mtu hakuitoa kwa kinywa chake. Wengine huitoa kwa niaba yake, aghalabu kwa sababu ya kitu ambacho hakukiomba: urefu, au akili za darasani, au sauti nzuri. Watu hukitazama kitu kile, wakaona ndani yake nyumba, barabara, jina la taifa, kisha wakamtwika. Akifika mahali mzigo ukamshinda, wanaouona umeanguka husema ametuangusha. Je, mtu hudaiwa ahadi ambayo waliitoa wengine?

Jibu la haraka ni kwamba hadaiwi. Memphis walimchagua kwa hesabu zao, walimlipa kwa mkataba, na mkataba ulipokwisha wao wakawa hawadai kitu na yeye hadai. Na sisi wa baraza ya Lumumba ndio kabisa. Hatukumnunulia hata raba. Kijana wa viatu alikuwa amesema kweli.

Lakini, ndugu msomaji, sikuweza kulala na jibu hilo. Kuna watu humchukua Dikembe Mutombo wakamfanya fimbo ya kumchapia Thabeet. Mutombo alitoka Kinshasa akaenda Chuo Kikuu cha Georgetown akitaka kusomea udaktari. Mpira ukamkuta huko, mwaka 1991 akachaguliwa wa nne, akacheza misimu 18, tena katika timu 6, maana hata wakubwa huhamishwa kama magunia. Mwaka 2007 ilifunguliwa kule Kinshasa hospitali aliyoijenga kwa jina la mama yake, na alipofariki mwaka 2024 hospitali ile ilibaki. Basi watu huuliza: na wa kwetu amejenga nini? Mimi swali hili nalichukia. Hospitali ile ilikuwa zawadi, na zawadi ikidaiwa inakuwa kodi. Walakini siwezi kusema kwamba matumaini ya watu si kitu kabisa. Matumaini mengine yamegharimiwa. Nasema hivi kwa sababu ya ng'ombe.

Mwaka 1974, katika kijiji chetu kule Usambara, nilichaguliwa peke yangu kwenda kidato cha kwanza. Shule ilikuwa ya serikali, karo haikuwa tatizo. Lakini palihitajika nauli, sanduku la bati, viatu na blanketi, na nyumba yetu haikuwa na kimojawapo. Ukoo ukakaa. Nikaitwa nisimame katikati nikiwa na kaptura moja. Baba yangu mkubwa akasema, "Huyu ndiye daktari wetu." Akauzwa ng'ombe. Hakuna aliyeniuliza, wala sikusema neno. Nilikuwa na miaka 14, nami nilifurahi kuliko wote.

Sikuwa daktari. Hesabu za kidato cha sita na fizikia yake vilinizidi, basi. Nilipotoka Jeshi la Kujenga Taifa nilikuja Kariakoo mwaka 1982 kutafuta kibarua cha mwezi mmoja, na mwezi ule ukawa miaka 38. Nilifanya kazi kwa matajiri saba: vitambaa, vipuri, unga, vitambaa tena. Mara mbili niliachishwa, mara moja duka lilifungwa nikaukuta mlango una kufuli la mtu mwingine. Kila mara nilichukua kalamu yangu nikahamia mtaa wa pili. Nilikuwa karani mzuri. Stoo yangu haikupata kupungua gunia ambalo sikuweza kulieleza. Wanangu wanne walikula na kusoma kwa kalamu ile.

Na kijijini sikwenda. Nilituma fedha kidogo, nilituma barua, baadaye nikatuma kwa simu. Baba alipofariki mwaka 1991 nilikwenda kuzika, nikaondoka kesho yake alfajiri kabla ya kikao cha ukoo, nikasingizia kazi. Nilikuwa nakimbia duara lile la wazee, kaptura ile, na sauti ile ikisema daktari wetu. Miaka yote hiyo nilijiambia kwamba mimi ndiye niliyeonewa, maana sikuahidi. Na ni kweli, sikuahidi. Lakini blanketi nililijifunika.

Hapo ndipo ninapoiona njia ya katikati, na sijui kama wenye elimu ya mambo haya watanikubalia. Aliyekula ng'ombe wa watu hadaiwi udaktari. Udaktari hauko mikononi mwake. Una mitihani, una bahati, una kichwa alichopewa. Anachodaiwa ni kukifanyia kazi kwa uaminifu kile kilichowezekana, na kisha arudi asimame mbele yao na kusema, nimekuwa hiki. La kwanza nililifanya. La pili nililikwepa kwa karibu miaka 40, na kukwepa huko ndiko kuliniponza, wala si fizikia.

Sasa mtazame tena yule tuliyemcheka. Baada ya milango ya NBA kufungwa angeweza kukaa kimya mahali asipoulizwa kitu. Badala yake alicheza ligi ndogo huko Grand Rapids. Mwaka 2017 akaenda Japani, timu ya Yokohama. Mwaka 2019 akarudi tena ligi ndogo ya Marekani, timu ya Fort Wayne, akiwa na umri wa miaka 32, miongoni mwa vijana waliokuwa watoto wa shule alipochaguliwa. Mwaka 2020 akavuka kwenda Taiwan, akachezea timu ya Hsinchu, na msimu uliofuata nyingine. Kisha akaja kuvaa jezi ya klabu za hapa hapa Dar es Salaam, akaingia uwanjani mbele ya watu wale wale wanaojua alikuwa wa namba ngapi. Sijui moyoni mwake kuna nini, wala si haki yangu kumsemea. Nasema tu nilichokiona: mtu mwenye sentimita 221 hawezi kupita njia ya uchochoro. Akirudi, amerudi, kila mtu anamwona. Mimi mfupi nilijificha katika mji huu, mtaa mmoja hata mwingine, na hakuna aliyenigundua.

Kijana wa viatu nilimtafuta siku chache baadaye. Nilimkuta Kidongo Chekundu jioni, nikakaa ukingoni mwa uwanja kumtazama. Kumbe hata yeye si mchezaji wa kuanza. Alikaa muda mrefu, taulo mabegani, akiwapigia kelele wenzake. Akaingia mwishoni, akazuia mpira mmoja kwa kiganja, ukaruka mpaka kwenye uzio. Alipotoka nilimwambia nilikuwa nimekosea pale barazani. Akasema, "Haina neno, mzee wangu, hata sisi tunamtania," kisha akaniuliza navaa viatu namba ngapi.

Mwezi uliofuata nilipanda basi pale stendi ya Mbezi, nikashuka Mombo, nikapanda gari jingine la kupandisha mlima mpaka Lushoto, na kutoka hapo kwa miguu. Katika wale waliokaa kikao cha mwaka 1974 alikuwa amebaki mmoja, baba yangu mdogo, haoni vizuri tena. Nilimkuta amekaa kibarazani anaota jua. Nikasema shikamoo, akaitika marahaba, akaijua sauti. Nikakaa chini, si kwenye kiti. Nikamwambia yote kwa mpangilio, kama mtu anayekabidhi stoo: matajiri saba, miaka 38, watoto wanne, na kwamba sikuwa daktari.

"Hilo tulilijua mwaka ule ule," akasema. "Habari hupanda mlima zenyewe."

Nikamwambia nimekuja kwa sababu ya ng'ombe.

Akafikiri kidogo. "Yule mwekundu? Alikuwa anampiga teke kila anayemkamua. Tungemuuza tu." Kisha akanyamaza, akageuza uso upande niliokuwa nimekaa, akauliza, "Blanketi lilikuwa zito?"

Nikamwambia lilikuwa zito.